Watoto Tuliowapandisha Mlimani

Barabara ya kwetu, huko Mwanda, inapita juu ya migomba ya mama yangu. Sisemi kwa mafumbo. Pale ambapo magari hupunguza mwendo kabla ya kona ya kanisa palikuwa na migomba aliyoipanda mwaka alioolewa, na aliing'oa mwenyewe kwa jembe lake huku akiimba. Hakuna aliyemlazimisha. Mimi nilikuwepo siku hiyo, nilimsaidia kuburuta mashina, na mpaka leo nikipita hapo huangalia upande wa pili.

Ninaishi Voi. Ninafanya kazi kwenye maabara ya zahanati moja mjini, na nimeolewa na mtu wa hapo hapo, aliyezaliwa kwenye nyumba za reli, ambaye babu yake alitoka magharibi kuja kutengeneza mataruma. Ndugu yangu mmoja yuko Mombasa. Mwingine analima vitunguu upande wa Taveta, karibu na Salaita, na anasema joto la kule ni afadhali kuliko umande wa nyumbani. Ndivyo tulivyo watu wa milimani. Shule hukupandisha darasa, halafu kazi ikakuteremsha bondeni.

Baba alipofariki, mama alibaki juu peke yake. Si peke yake kabisa, majirani walikuwepo, lakini wengi walikuwa wazee wenzake, na katikati yao nyumba zilizofungwa. Kwetu mlango wa jikoni haufungwi mchana. Hata ukienda shambani unauacha wazi, ili anayepita ajue kuna watu na kuna moto. Ukiona mlango wa jikoni umefungwa mchana, ujue wenyewe wamehama au wamekwisha. Nilipokuwa mtoto, nyumba za namna hiyo zilikuwa za kuhesabika, na tulizipita mbio. Siku hizi ungekimbia mpaka pumzi ikukate.

"Hapa sasa wanaozaa ni kuku peke yao," mama aliniambia siku moja kwa simu, akacheka. Mimi sikucheka. Nilijua ameacha kupika kimanga. Kimanga ni chakula cha watu, unaponda maharagwe na muhogo sufuria nzima, mikono inapokezana mwiko, na hakuna mwenye akili anayekiponda kwa ajili ya tumbo moja. Mama yangu, ambaye alikuwa bingwa wa kimanga kijiji kizima, alikuwa anakunywa chai na kulala.

Basi ikaja habari ya kufufua vijiji. Nilikuwa nimepanda kumwona, ndiyo maana niliingia kwenye baraza ile. Afisa wa kaunti alikuja na koti zito, kijana mwenye heshima, akazungumza Kiswahili cha semina. Alisema zamani serikali ilikuja na mradi kwenye gari na kuushusha kama gunia, lakini sasa mwananchi lazima ashirikishwe. Alituita wadau. Mama akainua mkono akauliza mdau ni mtu gani.

"Ni mtu ambaye jambo linamhusu, mama. Mwenye haki ya kuulizwa."

"Alaa," mama akasema, akajifunga leso vizuri, akakaa kama mtu aliyepewa cheo.

Afisa hakutudanganya, nitamtetea kwa hilo. Alisema fedha zilizopo zinatosha kuanza na jambo moja, tuchague: barabara, au matangi ya maji, au chumba baridi cha kuhifadhia mboga. Halafu akasema la pili, akiwa ameshusha sauti. Miradi huenda palipo na watu, na kwetu watu wanapungua. Shule ya msingi imebakiwa na watoto wachache mno. Ikiendelea hivyo itaunganishwa na nyingine, na kijiji kisicho na shule hakifufuki, hata ukikiwekea taa kila mti.

Aliyesimama kwanza ni mwenyekiti wa kijiji, mwalimu mstaafu, mtu wa tai hata akienda kukama ng'ombe. Alisema kama kinachokosekana ni watoto, watoto tunao, wako kule chini wanakula vumbi. Kila nyumba impandishe mmoja. Aje akae na nyanya yake, asome hapa, mpaka shule isimame tena.

Watu walicheka kwanza, kisha wakaacha. Kwetu si jambo geni hata kidogo. Tangu zamani mtoto mmoja hupelekwa kulelewa na nyanya, amchotee maji, amuwashie moto, wapashane joto usiku. Hakuna anayeona ametoa kitu. Ndiyo sababu tulilikubali haraka vile. Sidhani kuna watu wengine ambao, wakiambiwa kijiji kinakufa, wangefikiria kukiponya kwa wajukuu.

Kisha tukapiga kura ya mradi, kwa mikono. Ilipotajwa barabara mama aliinua yote miwili.

"Mama, mkono mmoja tu," afisa akasema.

"Huu wangu, huu wa marehemu. Naye ni mdau, amelala hapa hapa."

Baraza zima lilivunjika mbavu. Barabara ikashinda.

Nyumbani Voi mambo hayakuwa ya kicheko. Binti yetu alikuwa gredi ya pili, mtoto wa maneno mengi, mwenye rafiki kila mlango. Mume wangu alinisikiliza mpaka mwisho, akaweka kikombe chini.

"Mtoto si mbegu ya viazi, ati ukimrudisha kwa udongo ataota."

Nilimkasirikia. Nilimwambia hawezi kuelewa, watu wake waliondoka kwao kitambo mpaka kwao pakawa pa kwenda Krismasi tu. Lilikuwa neno la kuumiza na liliuma. Jioni alisema nyanya yake mwenyewe alimwona mara chache sana kabla hajazikwa, na kila mara ilibidi nyanya huyo aambiwe upya huyu ni mtoto wa nani. "Mpeleke," akasema. "Lakini ni mpaka shule isimame. Isiposimama, anarudi."

Nikampandisha. Mama alikuwa ametusubiri mlangoni tangu asubuhi na kikombe cha maji. Kabla hatujaingia alijaza maji kinywani, akayapuliza kwa manyunyu huku na huku, kizingitini, miguuni pa mtoto, akisema kwa Kidawida, lugha yetu: hasira iliyomo humu iteremke na mto, mtoto huyu apoe, alale, akue. Hiyo ndiyo kutasa. Wazee wetu walikuwa na imani kwamba hasira ya moyoni, hasa ya mzazi, humfuata mtoto na kumtia ugonjwa, hata kama mwenye hasira hataki. Kwa hiyo unaitoa, unaitema pamoja na maji, na unatamka kwamba imetoka. Sharti ni moja tu. Uwe unasema kweli. Ukitasa na uchungu bado umo, unampulizia mtoto uchungu wenyewe, na heri ungenyamaza.

Mama ni mtu wa kwaya, hakosi ibada, na wapo kanisani wasiopenda mambo hayo. Yeye husema Mungu ndiye aliyeumba mate.

Binti yangu alishtuka kulowa miguu, kisha akaomba apulizwe tena.

Sasa nieleze nini kuhusu miezi iliyofuata? Ilikuwa mizuri. Naiandika hivyo kwa sababu siku hizi naona watu wanaisimulia kama upumbavu, na haikuwa upumbavu. Shule ilijaa kelele. Watoto walitoka Voi, Mwatate, Mombasa, mmoja hata Nairobi, aliyeogopa kuku. Alasiri ulisikia wanavyoshuka kwenye matuta wakiitana, na wazee walikuwa wanatoka nje kusikiliza tu. Milango ilifunguliwa. Kwenye nyumba ya jirani iliyokuwa imeota majani mpaka kizingitini, nyanya mmoja alirudi kutoka kwa mwanawe Mwatate ili akae na mjukuu.

Mama alirudia kimanga. Nikipiga simu jioni nilisikia mwiko ukigonga sufuria na binti yangu akihesabu zamu za kuponda, akidai nyanya anaiba. Mama alikuwa anamsindikiza shule kila asubuhi, jembe begani, kisha anaendelea shambani. Mtoto alipata mashavu mekundu ya baridi na Kidawida cha kizee, maneno ambayo mimi mwenyewe nimeyasahau. Voi akaiita "kule chini". Siku moja nilipopanda alikuja mbio akipaza sauti, "Mama, mama wa Voi amekuja!" Mama wa kwanza hakuwa mimi. Nilimkumbatia, nikaenda nyuma ya zizi, nikalia kidogo, nikarudi. Sikujuta kumpeleka. Niliumia tu, na mambo hayo mawili hukaa kwenye moyo mmoja bila kugombana.

Ndipo barabara ikaanza. Kaunti ilileta greda kwa sehemu zile pana, lakini palipo na mteremko na matuta ilikubaliwa kila nyumba ichimbe kipande chake, kilicho mbele ya shamba lake. Huo nao ulikuwa ushirikishwaji. Kipande cha mama kilikuwa na ile migomba. Fundi alimwambia wanaweza kukwepa kidogo, barabara ipinde.

"Ipinde kwa nini? Ambulensi ikija itapinda na mgonjwa?" mama akajibu, akashika jembe.

Watoto wote wa shule walikuja kubeba mawe siku ya Jumamosi. Palikuwa na uji kwenye sufuria ya kanisa, na nyimbo, na yule mwenyekiti wa tai akiwa ameikunja tai yake mfukoni. Mama alisema migomba haikusikia uchungu, imejua inakokwenda. Alikuwa na furaha ambayo sikuwahi kumwona nayo tangu matanga ya baba.

Na barabara ilifanya kazi. Lazima niwe mkweli. Kabichi ziliacha kuozea matutani, pikapu zikaja mpaka mlangoni, mama mmoja aliyeshikwa na uchungu usiku alifika hospitali na kujifungua salama. Afisa alikuja, akapiga picha, na alistahili kupiga.

Baada ya pikapu likaja basi la shule.

Lilikuwa basi la manjano la akademi moja ya kulipia ya kule chini. Zamani lisingethubutu kupanda. Sasa barabara ilikuwa nzuri, kwa nini lisipande? Lilianza kwa kuchukua watoto wawili watatu wenye wazazi wa mishahara. Masweta mapya, Kiingereza kuanzia mlangoni, chakula cha mchana. Kati ya wale wa mwanzo alikuwemo mjukuu wa mwenyekiti. Mwanawe aliye Mombasa ndiye aliyeamua, si yeye, na nilimwona mzee yule asubuhi moja akimpandisha mtoto kwenye basi huku akiangalia viatu vyake mwenyewe. Sikuwa na ubavu wa kumlaumu. Kila mzazi huangalia wa kwake.

Lakini maji yakipata mkondo, ni nani wa kuyaambia rudi? Mzazi aliyekuwa amempandisha mtoto wake kusaidia shule alijiuliza kwa nini wa kwake abaki kwenye darasa linalopungua. Wengine waliwaweka kwenye basi. Waliokosa karo waliwarudisha mijini, kwa sababu kama shule inakufa basi afadhali mtoto afe moyo akiwa karibu nao. Yule mtoto wa Nairobi, ambaye sasa alikuwa anashika kuku kwa mabawa, alifuatwa na baba yake. Madarasa yakaunganishwa. Mwalimu mmoja akahamishwa, na hakuletwa mwingine.

Walituita baraza tena. Afisa ni yule yule, ila safari hii koti alikuwa amelishika mkononi. Akasema shule yetu imeunganishwa na ile ya ng'ambo ya bonde, kuanzia muhula ujao. Akauliza kama kuna mdau mwenye swali.

Mama alisimama.

"Mlituuliza kama tunataka barabara. Tukasema ndiyo. Hii ya shule, mbona hamkuuliza?"

Afisa akaeleza, kwa upole, kwamba barabara ni ya kaunti na shule ni ya serikali kuu. Ni ofisi mbili. Yeye ametumwa kutangaza tu.

"Mtoto ni mmoja," mama akasema. "Asubuhi anatembea kwa barabara ya kaunti akienda kwa shule ya serikali kuu. Mlipokuwa mnagawana hizo kazi, huyo mtoto mlimweka upande gani?"

Hakuna aliyecheka safari hii. Afisa aliinamisha kichwa. Alisema hata shule aliyosoma yeye, huko kwao, imefungwa, na mama yake amemuuliza swali kama hilo, na hakupata jibu la kumpa. Nafikiri alisema kweli. Mama akaketi. Kumwona mtu hana jibu kulimchosha kuliko kama angekuwa mwongo.

Shule ya ng'ambo iko mbali. Unashuka mpaka mtoni, unavuka, unapanda tena, na mvua ikinyesha mto ule haujui mtoto wa mtu. Mama alisema atakuwa anamsindikiza. Nilimwangalia magoti, naye akajua ninaangalia nini, akavuta leso akayafunika. Kuhusu basi la manjano, mimi na mume wangu tulikaa tukatafuta kila njia ya kupata karo yake na hatukuiona.

"Nilisema mpaka shule isimame," mume wangu akasema. Hakusema kwa ubaya. "Imelala, mke wangu."

Nilitamani awe mkatili kidogo ili nigombane naye.

Tulikwenda kumchukua siku ya ukungu. Mlango wa jikoni ulikuwa wazi na moto unawaka. Mama alikuwa amepika kimanga sufuria nzima, akatulisha mpaka tukashindwa, akampakia mtoto kilichobaki kwenye kopo. Alikuwa amefua nguo zote za mtoto na kuzikunja. Gambuti zake, vile viatu vya mpira vya matope, hakuzitia mfukoni.

"Hizi ziache. Voi hakuna matope," akasema, akazirudisha pale pale karibu na mlango, ncha zikiangalia nje.

Mume wangu alibeba mizigo kwenda garini, akakaa huko, kwa heshima. Tukabaki sisi watatu mlangoni. Binti yangu alikuwa hajalia. Tulikuwa tumemwambia atakuja likizo, naye aliamini, au aliamua kuamini kwa sababu yetu. Alirudi ndani akatoka na kikombe cha maji amekishika kwa mikono miwili.

"Nyanya, bado hujanitasia."

Mama alikipokea. Alijaza maji kinywani. Alisimama kizingitini, mahali alipokuwa amesimama siku ile ya kumpokea, mashavu yamejaa, macho yako kwa mtoto. Mtoto alivua viatu haraka, akaweka miguu pamoja, akasubiri manyunyu. Nami nilisubiri. Nilimwona mama akivuta pumzi kwa pua. Nilimwona akiangalia kule barabarani, juu ya bega langu, palipokuwa na migomba. Halafu akamrudia mtoto kwa macho, kwa muda mrefu.

Koo lake likapanda na kushuka. Akayameza.

Alijaza tena kinywa, mara ya pili, na mara ya pili pia akayameza, yote, mpaka kikombe kikawa kitupu.

"Nyanya," binti yangu akasema, "umekunywa."

"Nilikuwa na kiu, mjukuu wangu."

Mtoto alimwangalia. Amekaa na wazee, anajua sharti la maji yale. Alivaa viatu vyake polepole, akamkumbatia kiunoni, na mama akaweka mkono juu ya kichwa chake bila kusema neno lolote, si la baraka wala la kwaheri. Kisha akanisukuma mimi begani, kwa nguvu kidogo.

"Nendeni. Mvua hiyo inakuja."

Tulipofika kwenye gari niligeuka kumpungia mkono. Alikuwa ameshaingia ndani. Ilikuwa mchana, moshi bado unatoka paani, na mlango wa jikoni ulikuwa umefungwa.